Mvua ya Kukodi

Waliniuliza bei ya mvua.
Nikasema inategemea: manyunyu, au ya mawe?
Ya kulowesha jeneza tu, au ya kusomba viatu?
Mtayarishaji akacheka. Mimi sikucheka.
Boza moja, lita elfu kumi,
mafuta ya pampu, vijana wanne juu ya paa,
na bati refu la kupigia radi.
Hiyo ndiyo mbingu, na ina risiti.

Ilikuwa Septemba, Lubumbashi imekauka hadi kwenye fizi.
Katuba, bomba lilikohoa mara ya mwisho Jumatatu,
na filamu ilitaka mazishi chini ya mvua
kwa kuwa mwandishi alikuwa ameandika: Mvua inanyesha.
Maneno mawili, kisha akaenda kunywa chai.

Kazi hii sikuisomea.
Nilikuwa na miaka kumi na minne, parokia ikinidai
majeraha matano kwa ajili ya Ijumaa Kuu.
Nikachemsha ngai-ngai nyekundu,
nikakoroga unga wa muhogo, nikaonja, nikaongeza asali
ili nzi nao wacheze sehemu yao.
Wakina mama wakalia kweli.
Padri akanipa soda, na onyo.

Tangu hapo nimewazeesha mabinti
kwa ute wa yai na karatasi ya chooni;
jioni wanarudi nyumbani kula bukari
na makunyanzi yao, watoto wanawakimbia.
Nimevunja miguu. Nimeng'oa jicho la mwalimu wa hesabu.
Nimeunguza watu wengi kuliko ninavyoweza kuhesabu.

Baba alikuwa wa tanuru, miaka ishirini na sita mbele ya shaba.
Moto wake haukuwa wa mchezo; ulimla nyusi.
Aliutazama mfano wangu wa kwanza wa kuungua,
akasema, “Si hivyo,”
akakunja shati hadi kwenye kiwiko:
“Hung'aa pembeni kwanza. Halafu katikati panakuwa kama ramani.”
Mkono ule umeonekana katika filamu saba,
juu ya miili ya watu asiowajua.
Hakulipwa hata senti.
Siku tuliyomzika lilikuwa jua,
jua tupu, hakuna aliyeliagiza.

Basi, Katuba. Kamera. Pampu ikapiga chafya.
Ikanyesha juu ya nyumba sita za barabara moja,
ya saba kavu.
Waombolezaji wakaanza kulia kama walivyolipwa.
Ndipo mlango wa bati ukafunguka,
akatoka mama Chabala na beseni,
akaliweka chini ya mbingu yangu
wala hakututazama.
Kisha bidoni za njano. Sufuria. Karai la kuogeshea mtoto.
Kofia ngumu ya fundi wa umeme.
Jeneza likabaki peke yake njiani,
waliolibeba wameenda kutafuta ndoo.

“Kata!” mwongozaji akapiga kelele. “Kata! Kata!”
Vijana wa juu ya paa wakanigeukia,
maana mwenye bomba ni mimi.
Zilibaki lita elfu tatu.
Sikukata.
Nikalishika bati, nikawapigia na radi,
wapate mvua kamili.

Mwongozaji siku hizi anasema alilipanga lile tukio.
Sawa.

Desemba tuliionyesha kwenye ukumbi wa Kenya,
viti vya plastiki, shuka mbili zilizoshonwa pamoja.
Ilipofika mvua yangu
mwanamke wa safu ya pili akavuta kitenge
akamfunika mtoto kichwa.
Labda paa lilivuja. Sitaki kujua.

Majina yakaanza kupanda, watu wakasimama,
wakainama kutafuta ndara zao gizani.
Kilufya Mwansa, damu, moto na hali ya hewa,
likapita juu ya migongo yao, likaisha.
Nikazoa nyaya zangu, nikafungua mlango.
Nje ilikuwa inanyesha bure.